Getz/Gilberto: santuri ya bossa nova inayotaka uiskize kwa sauti ya chini

Wadau, mwezi uliopita nimenunua santuri ya Getz/Gilberto, ile ya 1964, vinaili iliyochapishwa upya, na tangu niifungue haijatoka kwenye pleya. Nimeona niandike maana wengi wanajua wimbo mmoja tu humo ndani, ule wa msichana wa Ipanema, tena wameusikia kwenye lifti za mahoteli, wakajua bossa nova ni muziki wa kunywea chai. Jamani siyo. Hii ni samba, muziki wa ngoma wa Brazili, samba yenye ngoma zake zote, ila mtu mmoja amekaa kwenye kiti akazibeba zote kwenye gitaa la nyuzi za nailoni.

Mtu mwenyewe ni João Gilberto, mwimbaji na mpiga gitaa wa Brazili, kazaliwa Juazeiro, jimbo la Bahia, 1931. Bahia ndo kule walikoteremshwa watumwa wengi kutoka Angola, Kongo na Afrika Magharibi, na ile samba yao ya duara, watu wanapiga makofi mmoja anaingia katikati kucheza, ndo ilikuja kuizaa samba ya Rio. João alienda Rio 1950 kuimba kwenye kikundi, wakamtoa kwa sababu ya kuchelewa chelewa, akahangaika, ilipofika 1955 hivi akaenda kukaa kwa dada yake mji wa Diamantina kule Minas Gerais. Kule akawa anajifungia bafuni na gitaa lake mchana kutwa, maana kuta za vigae zinamrudishia sauti na anajisikia kila kitu. Alipotoka mle alikuwa na pigo lake, na hilo pigo ndo bossa nova yenyewe.

Hapa niende taratibu. Kwenye bendi zetu za dansi tumezoea kugawana kazi, huyu solo, yule rithimu, huyu besi, mwingine tumba. João anafanya hivi: kidole gumba kinagonga nyuzi za besi sawasawa bila kuyumba, dum, dum, dum, dum, hilo ndo surdo, lile ngoma kubwa linaloshika mwendo wa samba. Kidole cha shahada, cha kati na cha pete vinachomoa nyuzi tatu kwa mpigo mmoja, na vyenyewe haviji pale gumba lilipo, vinatangulia kidogo au vinachelewa kidogo, hiyo ndo tamborimu, kale kangoma kadogo kanakopigwa kwa kijiti. Hakuna kukwangua nyuzi juu chini. Mi napiga gitaa la rithimu kwenye harusi miaka kumi na kitu, na ilinichukua siku nne gumba likubali kubaki kwake wakati vidole vinaenda kwao, na siku lilipokubali nilimuita mke wangu aje askize.

Halafu juu ya hilo gitaa kuna sauti, na sauti nayo ina njia yake. Haitetemi, haipandi kwa nguvu, anaimba kama anaongea na mtu aliyekaa naye mkeka mmoja. Skiza Doralice, wimbo wa pili upande wa kwanza, wa mzee wa Bahia Dorival Caymmi na mwenzake Antônio Almeida. Maneno yanakimbia mbele ya gitaa, unaona kabisa huyu kapotea, alafu mwisho wa mstari vinakutana palepale kama vile havijawahi kuachana. Nimeurudia huo wimbo sijui mara ngapi na bado napashangaa.

Watu wanauliza kwa nini kimya hivyo. Kabla ya hapo waimbaji wa Brazili walikuwa wa koo kubwa na orkesta nyuma. Bossa nova imekulia kwenye maghorofa ya Copacabana, mtaa wa ufukweni kule Rio, vijana wa muziki kama Roberto Menescal na Carlos Lyra wanakutana sebuleni kwa kina mwimbaji Nara Leão, na ukuta wa jirani uko hapo hapo. Kuna kichochoro cha vilabu pale Copacabana kinaitwa Beco das Garrafas, kichochoro cha chupa, kwa sababu wakazi wa juu walikuwa wakichoshwa na kelele wanawatupia watu chupa kutoka dirishani! Na maikrofoni nazo zilikuwa zimekuwa nzuri, mtu akinong'ona inanasa. João aliporekodi Chega de Saudade Julai 1958 alitaka maikrofoni mbili, moja ya mdomo moja ya gitaa, wakati huo ilionekana ni usumbufu. Muziki alitunga Antônio Carlos Jobim, maneno ya Vinicius de Moraes, mshairi na mwanadiplomasia, na jina lake ni kama kusema basi, hamu ya kumkosa mtu imetosha. Mpenzi yeyote wa taarabu anaielewa hiyo hamu bila kuelezwa.

Sasa hii santuri yenyewe. Wamarekani walishaanza kuushika huu muziki, mpiga saksafoni wa jazi Stan Getz, ndo huyo Getz wa kwenye jina, na mpiga gitaa Charlie Byrd walitoa santuri yao 1962, Novemba mwaka huohuo Wabrazili wakapiga kwenye ukumbi wa Carnegie Hall, New York. Machi 1963 wakaingia studio New York siku mbili, tarehe 18 na 19: Getz saksafoni, João gitaa na sauti, Jobim piano, Tião Neto besi, Milton Banana ngoma. Nyimbo nane, dakika kama thelathini na nne basi. Piano ya Jobim ndo kitu nilichochelewa kukigundua, anaweka noti mbili tatu halafu ananyamaza, anamuachia João nafasi, na Milton Banana naye anagusa tu, ukiwa na spika mbovu humsikii kabisa.

Kasoro yangu kubwa ni saksafoni. Getz ana sauti tamu, sibishi, solo yake kwenye O Grande Amor inakata maini, lakini sehemu kadhaa wamemuweka mbele mno. João amekushusha taratibu mpaka umetulia, ghafla saksafoni inaingia kifua mbele inafunika gitaa lote, na gitaa ndo nililolipia. Kwenye Desafinado ndo inaniuma zaidi.

Na kuna la Astrud. Alikuwa mke wa João, miaka 22, hajawahi kurekodi kikazi, kwenye ule wimbo wa Ipanema ikatakiwa ubeti wa Kiingereza na João Kiingereza hajui, akaimba Astrud. Singo ya redio ilipotoka 1964 ule ubeti wa João wa Kireno ukakatwa wote, akabaki Astrud na saksafoni, na ndo dunia nzima ikaukamata. Ile singo ikapata Grammy ya rekodi ya mwaka na hii albamu ikapata ya albamu ya mwaka, 1965. Malipo ya Astrud yanayotajwa siku zote ni dola 120. Dada wa watu sauti yake ndo iliyouza! Amefariki 2023 na mi nikiuskiza ule wimbo sasa namskiza yeye kwanza, ile namna anavyoimba wazi bila kujipamba.

Kuhusu bidhaa: nimelipa laki na thelathini. Nakala ya kwanza ilikuja imepinda, sindano inapanda na kushuka kama ngalawa, duka likabadilisha baada ya kuvutana wiki nzima. Ya pili iko safi, kimya kati ya nyimbo ni kimya kweli, na kava lina ule mchoro wa Olga Albizu wa Puerto Rico, rangi ya chungwa na nyeusi, kwenye ukubwa wa santuri unapendeza kuliko kwenye simu. Kama huna pleya skiza hata mtandaoni ila tumia hedifoni. Mi naipa 9 kati ya 10, hiyo moja ni ya saksafoni.

Ukiipata usianze na Ipanema. Geuza upande wa pili, weka Corcovado. Jobim alianza ule wimbo kwa sigara na gitaa, João akamwambia atoe sigara aweke kona, basi mstari ukawa kona ndogo na gitaa. Punguza sauti mpaka usikie vidole vyake vikihama kwenye nyuzi, na kama feni inapiga kelele izime, dakika nne hizo joto utalivumilia.