Kufua Chuma Japani: Karakana Zipi Zinastahili Pesa na Muda wa Msafiri

Msafiri anayekwenda Japani siku hizi hukutana na matangazo mengi yanayomwahidi kwamba atashika nyundo, atafua chuma na kuondoka na kitu alichokitengeneza kwa mikono yake. Baadhi ya matangazo hayo ni ya kweli kabisa, na mengine humuuzia mtu picha tu: avae vazi la mhunzi, apige nyundo mara chache mbele ya kamera, kisha akabidhiwe kisu ambacho kilikwisha kutengenezwa na wengine. Kwa sababu hiyo, katika kupanga daraja za karakana hizi nimetanguliza kipimo kimoja, nacho ni sehemu ya kazi inayofanywa na mkono wa mgeni mwenyewe, katika mji ambao ufundi huo bado ndio riziki ya wakazi wake. Bei na umbali nitavitaja pia, lakini vinafuata nyuma.

Kwanza tuliondoe suala la upanga, kwa kuwa ndilo linalowapotosha wengi. Mgeni hawezi kufua upanga wa Kijapani kwa siku moja, wala kwa mwezi. Silaha hizo zinasimamiwa na sheria ya mwaka 1958, na mhunzi wa panga hupata leseni baada ya kujifunza kwa muda usiopungua miaka 5 chini ya mhunzi mwenye leseni na kufaulu mtihani wa serikali. Hata akishafuzu, haruhusiwi kufua zaidi ya panga ndefu 2 kwa mwezi. Karakana inayotangaza kwamba utafua upanga, kwa hiyo, ama inamaanisha kisu kidogo cha kukatia karatasi, ama inamaanisha kwamba utamtazama bingwa akifanya kazi. Yote mawili yana thamani yake, mradi ujue unacholipia.

Nafasi ya kwanza naipa Echizen, katika mkoa wa Fukui, na hasa Kijiji cha Visu cha Takefu. Mapokeo ya mji huo yanasema kwamba mnamo 1337 mhunzi wa panga aitwaye Chiyozuru Kuniyasu alihama Kyoto akitafuta mahali panapofaa kwa kazi yake, akakaa hapo, na pamoja na panga akawafulia wakulima mundu. Visu vya Echizen vilitambuliwa rasmi na serikali kuwa sanaa ya jadi mwaka 1979, na mwaka 1993 wahunzi kadhaa waliokuwa wakifanya kazi kila mmoja kivyake walijenga karakana ya pamoja. Jengo hilo si la maonyesho. Wahunzi wake wanatengeneza visu vinavyouzwa dunia nzima, na mgeni anajifunza huku nyundo za mashine zikinguruma upande wa pili.

Jambo linaloipandisha Echizen juu ya nyingine zote ni namna mgeni anavyoelewa muundo wa kisu. Chuma kigumu cha makali huunganishwa kwa moto na chuma laini kinachokibeba, kwa sababu chuma kigumu pekee kingevunjika upesi na chuma laini pekee kisingeshika makali. Kisha kuna mbinu ambayo wenyeji wanajivunia sana: visu viwili hubebanishwa kimoja juu ya kingine na kufuliwa kwa pamoja chini ya nyundo. Kisu kimoja chembamba hupoa kabla hakijafika vizuri kwenye fuawe, yaani chuma kizito cha kufulia juu yake, lakini viwili vikibebana hutunziana joto, navyo hukonda kwa usawa. Mtu akisimama karibu huona fundi akivigeuza, cha juu kikawa cha chini, na rangi ya machungwa ikibaki muda mrefu kuliko ulivyotarajia. Ukishaona hilo, bei ya kisu kizuri haikushangazi tena. Kozi ya kutengeneza kisu hula sehemu kubwa ya siku na hugharimu makumi ya maelfu ya yeni. Iliyo fupi zaidi hutoa kisu cha karatasi kwa bei nafuu. Mwenye uwezo achukue ile ndefu. Tangu Machi 2024 treni ya mwendokasi ya Hokuriku inasimama Echizen-Takefu, kwa hiyo ile hoja ya zamani kwamba mji uko mbali haina nguvu tena.

Ya pili ni Sanjo, katika mkoa wa Niigata, nami najua wengine watashangaa, kwa sababu kitu utakachotoka nacho huenda kikawa msumari. Katika karne ya 17 wakulima wa eneo hilo, ambao mashamba yao yalifurikwa na mito mara kwa mara, walifundishwa kufua misumari ili wapate kipato cha ziada, na kutokana na misumari hiyo ukakua mji mzima wa wahunzi wa visu, patasi na mikasi. Katika kituo cha mafunzo cha mji huo, kiitwacho Sanjo Kaji Dojo, mgeni hufundishwa kufua msumari wa Kijapani wenye pande nne, wa aina inayotumika katika mahekalu ya mbao. Unaweka ncha ya ufito motoni, unaitoa ikiwa imeiva, unapiga, unazungusha robo, unapiga tena, na kabla hujamaliza pande zote nne chuma kimeshakuwa cheusi na mkono unahisi kwamba kinakataa. Unakirudisha motoni. Magamba membamba ya kutu ya moto yanadondoka kwenye fuawe kila unapopiga. Kazi hiyo ni ndogo, lakini ni yako kuanzia mwanzo hadi mwisho, na bei yake ni ndogo kabisa ikilinganishwa na ya kisu. Kwa mtu mwenye bajeti finyu sioni mahali pengine panapompa zaidi kwa fedha yake. Kituo hicho pia hufundisha kutengeneza kisu cha karatasi na kunoa visu.

Faida nyingine ya kwenda huko ni Tsubame, mji jirani unaotumia kituo kimoja cha treni na Sanjo, takriban saa mbili kutoka Tokyo. Tsubame hufua shaba nyekundu. Kiwanda cha Gyokusendo, kilichoanzishwa mwaka 1816, kinatengeneza birika kutokana na bamba moja la shaba, pamoja na mdomo wake, bila kuunga popote, kwa kulipiga nyundo mpaka linyanyuke na kujikunja. Shaba hukakamaa kadiri inavyopigwa, hivyo fundi huirudisha motoni mara nyingi ili ilainike. Katika jumba la makumbusho la viwanda la Tsubame mgeni anaweza kukipiga kikombe cha shaba hadi kipate alama za nyundo, kazi ambayo haihitaji nguvu bali utulivu, kwani pigo moja lililokwenda upande huonekana milele.

Ya tatu, na ya kwanza kwa familia yenye watoto, ni Takaoka katika mkoa wa Toyama, mji wa kusubu, yaani kumimina madini yaliyoyeyushwa ndani ya umbo. Mwaka 1611 mtawala wa eneo hilo, Maeda Toshinaga, aliwaita mafundi saba wa kusubu na kuwapa ardhi katika mtaa wa Kanayamachi, ambao nyumba zake za mbao bado zinapendeza kutembelewa. Sehemu kubwa sana ya vyombo vya shaba vya kusubu vya Japani, kuanzia kengele za mahekalu hadi sanamu, hutoka hapo. Kampuni ya Nousaku, iliyoanzishwa mwaka 1916, hupokea wageni katika kiwanda chake na kuwafundisha kusubu bati. Ninasema bati kwa maana ya madini yenyewe, yale yanayochimbwa pia Kyerwa mkoani Kagera, wala si mabati ya kuezekea.

Bati huyeyuka kwenye nyuzijoto 232 tu, na ndiyo sababu mtoto anaweza kushiriki bila hatari kubwa. Unaweka umbo la kikombe ndani ya fremu, unashindilia mchanga kwa uangalifu, unalitoa umbo bila kubomoa kingo, kisha fundi anamimina madini yanayong'aa kama maziwa, na baada ya dakika chache mchanga unavunjwa. Kinachobaki ni kupiga tupa na kung'arisha. Kwa kuwa bati hilo ni safi, halikuchanganywa na madini mengine ya kuliimarisha, hupindika kwa mkono, na ukiliweka karibu na sikio wakati wa kulipinda utasikia mlio mdogo wa kukwaruza unaotoka ndani yake. Kozi huchukua muda wa saa moja na nusu hivi, na gharama ni ya yeni elfu chache kutegemea kitu unachochagua. Upungufu wake ni kwamba sehemu nzito, ya kumimina, kwa kawaida haimo mikononi mwa mgeni.

Nafasi ya nne ni ya Sakai, kusini mwa jiji la Osaka, nayo inawafaa hasa wanaopika. Mji huu ulijijengea jina kwa visu vya kukatia tumbaku, na leo visu vyake vimejaa katika majiko ya wapishi wa Kijapani. Kazi imegawanywa: mmoja hufua, mwingine hunoa, mwingine hutia mpini. Mafunzo ninayoyapendekeza hapo ni ya kunoa, wala si ya kufua. Mwalimu atakuonyesha namna ya kuloweka kinoo, kushika pembe moja bila kuyumba, na kusugua mpaka kidole gumba kihisi ukingo mwembamba wa chuma uliojikunja upande wa pili, ambao ndio ishara kwamba sasa unaweza kugeuza. Ni ujuzi utakaoutumia nyumbani kila wiki. Mwenye kutumia mkono wa kushoto aseme mapema, kwa sababu visu vingi vya jadi vya Sakai hunolewa upande mmoja tu, ule wa kulia.

Seki katika mkoa wa Gifu na Osafune katika mkoa wa Okayama ni miji mikubwa katika historia ya panga, na maonyesho ya kufua yanayofanyika katika makumbusho yake kwa siku maalumu yanastahili safari. Hata hivyo, hapo utatazama zaidi kuliko kutenda, na ndiyo maana nimeishusha yote miwili. Kyoto ina mafunzo mafupi ya kutia njumu, yaani kupachika nakshi za dhahabu na fedha juu ya chuma. Ni kazi ya subira, nzuri kwa siku ya mvua. Kubandika karatasi ya dhahabu mjini Kanazawa, mji unaotengeneza karibu karatasi yote ya dhahabu ya Japani, ni burudani ya saa moja isiyo na moto wala nyundo. Pete za fedha za Tokyo na Kyoto zinapendwa na wachumba, nami sina neno dhidi yake, ila hazikufundishi mengi.

Kabla ya kulipa, andika uulize mambo haya: chuma kinaanza katika hali gani, nani anashika nyundo, kuna mkalimani, na kitu kinachukuliwa siku hiyohiyo au kinatumwa baadaye. Karakana ya kweli hujibu bila kuzungusha maneno. Walio na pasipoti za Tanzania na Kenya wanahitaji viza kabla ya safari, kwa hiyo wasilipie kozi isiyorudishwa fedha kabla viza haijatoka. Vaa pamba na viatu vilivyofunika mguu. Nailoni huyeyuka cheche ikiigusa. Kisu chochote kiwekwe kwenye mzigo unaokabidhiwa uwanjani, na ukiwa bado Japani kibaki kimefungwa, maana kutembea na kisu chenye makali yanayozidi sentimita 6 bila sababu ya msingi ni kosa la jinai.

Kuhusu majira, Julai na Agosti ni mateso mbele ya tanuri, na karakana nyingi hufungwa katikati ya Agosti na wakati wa mwaka mpya. Oktoba ndio mwezi bora: viwanda vingi vya Tsubame na Sanjo hufungulia umma milango kwa siku chache. Takaoka, Kanazawa na Echizen ziko kwenye reli moja, hivyo mwenye siku tatu za ziada anaweza kulala Kanazawa na kwenda kwenye karakana mbili bila kuhamisha mizigo, mradi awe ameweka nafasi wiki kadhaa mapema.