Filamu tatu za Leszczyc: Skolimowski mwandishi, mwongozaji na steringi

Wengi wamemwona Jerzy Skolimowski, mwongozaji wa filamu kutoka Poland, bila kumjua: ndiye yule mzee wa Kirusi anayemhoji Black Widow aliyefungwa kitini kwenye The Avengers (2012). Kazi yake hasa ni kuandika na kuongoza filamu. Mwaka 1962 alikuwa mmoja wa walioandika skripti ya Nóż w wodzie ya Roman Polanski, kisha akajitungia mhusika wake, Andrzej Leszczyc, na kumcheza mwenyewe.

Anza na Rysopis (1964). Leszczyc kafukuzwa chuo, kaitwa jeshini, na ana saa chache kabla ya treni kuondoka. Skolimowski aliitengeneza akiwa bado mwanafunzi wa shule ya filamu ya Łódź: mazoezi ya darasani aliyapanga tangu mwanzo yafuatane, mhusika awe yule yule, hadi yakaungana kuwa filamu kamili. Viungo vinaonekana. Sauti inakwaruza, na Elżbieta Czyżewska anacheza zaidi ya mwanamke mmoja, jambo linalochanganya kama hukuambiwa mapema. Kwa anayejifunza kutengeneza filamu kwa mfuko mdogo, hii ndiyo ya kusimamisha na kurudisha nyuma.

Walkower (1965) ndiyo bora. Leszczyc sasa ni bondia anayezunguka kwenye mashindano ya wanaoanza, akipigania zawadi huku umri umeshampita. Filamu nzima ina shoti (vipande vilivyopigwa bila kukata) kama 30 tu. Itazame ile ya treni: kamera imo ndani ya behewa, pikipiki inakimbia sambamba, watu wanazungumza, halafu Skolimowski anaruka kutoka kwenye treni inayokwenda, na kamera haikati. Hapo ndipo unaelewa kwa nini steringi ni mwandishi mwenyewe. Mwigizaji wa kukodi angedai mtu wa kuruka badala yake. Ubaya wake ni kwamba mazungumzo ni ya haraka na maandishi ya tafsiri yanapita upesi, kwa hiyo simu haifai. Tafuta skrini kubwa.

Ręce do góry ilipigwa mwaka 1967 ikazuiwa, kwa sababu wanafunzi ndani yake wanabandika picha ya Stalin, dikteta wa Muungano wa Kisovieti, yenye jozi mbili za macho. Ilitoka mwaka 1981 ikiwa na utangulizi mpya wa rangi, uliopigwa kwa sehemu Beirut. Utangulizi huo ni mrefu na unavuruga. Ukichoka, usizime, maana filamu yenyewe inaanza baadaye, ndani ya behewa la mizigo. Usisubiri kusikia jina la Leszczyc pia: marafiki wanaitana kwa magari yao, naye ni Zastawa.

Ukizimaliza, nenda Moonlighting (1982), mafundi wa Kipoland London na Jeremy Irons akiwaongoza. Ilishinda tuzo ya skripti Cannes, na ilistahili.