Toyota Vitz au IST: ulifungie matairi mapya au ya mtumba?

Siku ya kununua, mtumba hauna mpinzani: bei ni nafuu mno na kashata (meno ya tairi) huwa bado ndefu. Ila kashata haionyeshi umri. Tafuta neno DOT ubavuni. Tarakimu nne za mwisho ndizo wiki na mwaka wa kutengenezwa. 2316 ni wiki ya 23, mwaka 2016. Kisha pitisha mkono ndani. Ukigusa kiraka au waya, liache. Nyufa nyembamba ubavuni maana yake mpira umechoka, na tairi la hivyo hupasuka kwenye lami ya moto.

Jipya linashinda kwa uhakika, hasa wakati wa mvua, na historia yake unaijua. Matunzo ni yale yale: upepo kwa kipimo cha kibandiko cha mlangoni, balansi (kusawazisha uzito wa magurudumu), alaimenti (kunyoosha mwelekeo wa magurudumu).

Kwa mizunguko ya Mbagala na Kariakoo, mtumba uliokaguliwa hivyo unatosha. Anayebeba familia Dar hadi Mbeya, namsihi anunue mapya. Pesa ikitosha mawili tu, yafungwe nyuma, hata kama gari linavuta kwa mbele: nyuma ikiteleza kwenye maji, kuirudisha ni kazi ngumu sana.