Devdas ya 1955: stelingi kanikera, wale wanawake wawili ndo wameniua

Nianze na onyo. Nakala niliyoangalia mimi ilikuwa mbovu kweli kweli, mikwaruzo utadhani mvua inanyesha ndani ya nyumba, nembo ya hao walioipandisha imekaa kwenye paji la uso la stelingi kila kamera ikimsogelea, na maandishi ya tafsiri yanatangulia midomo, yaani mtu anajibiwa kabla hajauliza. Na bado nimekaa masaa mawili na nusu na ushee sijaizima, kwa hiyo hapo mshajua naelekea wapi.

Devdas ni picha ya Kihindi na ziko nyingi, mi naongelea ile aliyoiongoza Bimal Roy, nyeusi na nyeupe, Dilip Kumar ndo Devdas, Suchitra Sen ni Paro na Vyjayanthimala ni Chandramukhi. Wengi wetu tunaijua ya 2002, ya Shah Rukh Khan na Aishwarya Rai na Madhuri Dixit, majumba yanameremeta mpaka macho yanauma, sari nzito, kila mtu analia kwa sauti ya juu. Basi mi nikajiambia hii ya zamani itakuwa ile ile tu imetolewa rangi. Wapi! Hii wanaongea kwa kunong'ona, kuna sehemu nimeongeza sauti mpaka mwisho nikidhani simu yangu ndo imeharibika kumbe jamaa ndo anavyoigiza, anameza nusu ya sentensi.

Hadithi kwa ufupi kwa ambao hawajui. Kijijini Bengal, huko India, mtoto wa zamindar, yaani mwenye ardhi yake na watu wake, kakua na jirani yake Paro, wanapigana, wanapatana, wanatoroka shule. Kijana anapelekwa mjini Calcutta, anarudi mtanashati, mapenzi ya utotoni yanageuka kuwa mapenzi kweli, wazazi wake wanakataa kwa sababu ukoo wa binti wanauona uko chini yao. Paro anatoka kwao usiku wa manane anaingia chumbani kwa Devdas. Kwa binti wa pale enzi zile hiyo ni kuweka jina lako na la ukoo wako mezani, ukionekana umekwisha. Na huyu bwana kitu cha kwanza kinachomuumiza kichwa ni je kuna mtu kakuona ukija? Jamani! Halafu baba akimkaripia anakimbilia Calcutta, anamwandikia Paro barua kwamba hajawahi kumfikiria kimapenzi, barua ikishaondoka ndo moyo unamkumbusha, anarudi mbio, na Paro naye safari hii ana jeuri yake anamwambia hapana. Devdas anampiga na fimbo kwenye paji la uso mpaka damu, eti amwachie alama. Hapo nikasimamisha, nikaenda kuchota maji ya kunywa, nikarudi nimenuna.

Najua kuna watu wanamlilia Devdas tangu 1917 kitabu cha Sarat Chandra Chattopadhyay kilipotoka, mi machozi yangu kwake hayakutoka kirahisi. Paro anaozwa kwa mzee mjane mwenye watoto wakubwa, Devdas anaingia kwenye pombe akiongozwa na rafiki yake Chunni Babu, na kuanzia hapo muvi nzima ni mwanaume anayefika kachelewa. Kila mahali kachelewa. Ila lazima niwe mkweli, Dilip Kumar anafanya kitu ambacho sijui nikieleze vipi, unamchukia huyu mtu na bado huwezi kutoa macho. Kuna pale anaulizwa kuhusu kunywa kwake naye anasema ni nani huyo anayekunywa ili avumilie, yeye anakunywa ili aweze kupumua tu, na hapandishi sauti hata kidogo, anasema kama mtu anayekutajia saa. Ndo maana alipewa Filmfare, tuzo kubwa ya sinema za Kihindi, ya mwigizaji bora kwa hii. Na haya majukumu ya huzuni yalimwingia kichwani mpaka akaenda kumwona daktari wa akili London, akashauriwa aanze kucheza picha nyepesi za kuchekesha. Baada ya kuangalia hii wala sikushangaa.

Sasa wanawake. Suchitra Sen alikuwa staa wa sinema za Kibengali na hii ndo ilikuwa ya kwanza kwake kwa Kihindi, na ana ule utulivu wa mtu asiyekuomba chochote, kwenye nyumba ya mumewe anatembea na ushungi na funguo kama mama wa miaka hamsini wakati ni msichana tu. Vyjayanthimala naye, Chandramukhi, ni mcheza ngoma kwenye zile nyumba ambazo wanaume wa heshima wanaingia usiku, halafu mchana wanajifanya hawazijui. Siku ya kwanza Devdas anafika pale anamwangalia kwa kinyaa, anamtupia hela, anaondoka. Mwingine angechukua hela akacheka. Huyu anabaki anamtazama mlango aliotokea, na usoni unaona kitu kimeanza, anaacha kazi, anauza vitu vyake, anahamia kijijini aishi maisha ya kawaida kabisa, kwa ajili ya mtu ambaye amempa dharau peke yake. Sitetei, nasema tu binti alivyoigiza nilimwamini. Filmfare waliposema wampe tuzo ya mwigizaji msaidizi akaikataa, kwamba nafasi yake kwenye picha ni sawa na ya Paro, hakumsaidia mtu. Nampa haki yake asilimia mia.

Na iko sehemu moja ambayo kwangu ndo picha yenyewe. Barabara ya vumbi, Chandramukhi anatembea kwa miguu anaenda kumtafuta Devdas, upande wa pili inakuja machela, imebebwa na wanaume mabegani, ndani yumo Paro. Wanapishana. Paro anamwangalia huyu mwanamke anayetembea, huyu naye anamwangalia yule kwenye machela, hakuna anayemjua mwenzake, hakuna neno, muziki tu, halafu kila mmoja anaendelea na njia yake. Basi! Ile ya 2002 hao wawili wamekutanishwa wakacheza ngoma pamoja, na ngoma ni tamu sikatai, ila nilivyoona hii nikaelewa kilichopotea. Hapa sisi tunaoangalia ndo peke yetu tunaojua, na unatamani kupiga kelele simama, muulize jina. Nimerudisha nyuma mara tatu, na hiyo nembo yao ikiwa katikati ya barabara.

Halafu Bimal Roy mwenyewe alianzia kwenye kamera, ile Devdas ya Kihindi ya 1935, aliyoiongoza P. C. Barua na aliyoigiza K. L. Saigal, mpiga picha alikuwa yeye. Kwa hiyo alikuwa anarudia nyumba anayoijua kila kona, na kivuli hapa kinafanya kazi kuliko maneno, chumba cha Chandramukhi taa moja na nusu ya uso haipo.

Nyimbo ni za S. D. Burman na mashairi ya Sahir Ludhianvi. Ile anayoimba Talat Mahmood, Mitwa, sauti inatetemeka kidogo mwishoni mwa mstari kama mtu aliyebanwa na kifua, nimeilalia siku mbili sasa. Usitegemee nyimbo za kuchezea kwenye sherehe lakini, hamna.

Kasoro? Ipo. Nusu ya pili inajivuta, mlevi anaenda Calcutta anarudi kijijini anaenda tena, ukiwa na usingizi utapotea. Mume wa Paro hapewi nafasi ya kutosha, mzee wa watu anaonekana mstaarabu nami nilitaka kujua anawaza nini usiku.

Ila ile safari ya mwisho inafuta yote. Treni inakata India nzima na Devdas yuko ndani anakufa taratibu, mtumishi wake mzee Dharamdas kalala, jamaa anamwacha usingizini anashuka peke yake usiku, anapanda mkokoteni wa ng'ombe, na njia nzima anamuuliza mwenye mkokoteni bado mbali? bado mbali? Aliahidi atafika kwa Paro kabla ya kufa na kweli amefika, nje ya nyumba, chini ya mti, asubuhi watu wamemzunguka hawamjui ni nani. Paro akisikia jina anaanza kukimbia, ushungi unaanguka, na lile lango kubwa linaanza kufungwa.

Nyota nne na nusu, hiyo nusu nimeikata kwa ajili ya ile fimbo. Tafuteni nakala safi, msiangalie niliyoangalia mimi.