Kudai pesa za hukumu kwa serikali ya Kenya: huduma yenye mwanzo mwepesi na mwisho mgumu

Ukiishinda serikali kortini nchini Kenya, mali yake huigusi. Kifungu cha 21(4) cha Sura ya 40, yaani sheria ya kesi zinazoihusu serikali, kinamzuia dalali kukamata hata gari la wizara, na tangu 2015 kinga hiyo inazifunika kaunti pia. Kinachobaki ni njia ya hatua tatu, na hazifanani kwa ubora.

Ya kwanza inastahili sifa. Siku 21 zikiisha baada ya hukumu, unamwomba msajili wa mahakama cheti cha amri, yaani hati ya kuonyesha kiasi unachodai. Ombi unaliwasilisha mtandaoni, ada unalipa kwa simu. Wanaoharibu hapa ni wanaokimbilia cheti kabla gharama za kesi hazijakadiriwa: watarudi kuomba cheti kingine, na wizara itajificha nyuma ya hicho kinachokosekana. Angalia pia kama riba iliyotolewa kwenye hukumu imeandikwa humo.

Hatua ya pili: serikali isipolipa, unaomba Mahakama Kuu mandamus, yaani amri ya kumlazimisha afisa atimize wajibu wake wa kulipa, chini ya Amri ya 53 ya kanuni za kesi za madai: idhini kwanza, kisha ombi lenyewe ndani ya siku 21. Ukomo wa miezi sita unahusu maombi ya kubatilisha uamuzi, si mandamus. Wakili wa upande wa pili asikutishe nao.

Hatua ya tatu, ya kumshtaki afisa kwa kudharau mahakama, ndiyo mbovu. Sheria mahususi ya 2016 kuhusu kosa hilo ilibatilishwa na Jaji Chacha Mwita mwaka 2018, kwa hiyo unategemea kifungu cha 5 cha Sura ya 8, sheria inayohusu mamlaka ya mahakama. Lazima uthibitishe kwamba amri ilikuwa wazi, afisa aliijua, na aliikaidi kwa makusudi. Mtaje afisa mwenye dhamana ya hesabu, yaani katibu wa wizara, waziri mwache. Onyo la adhabu liandikwe kwenye amri yenyewe, apewe mkononi, na aliyeipeleka aape kiapo cha kuonyesha siku, saa na mahali. Muhuri wa masjala ya wizara peke yake ni ushahidi dhaifu, maana katibu atasema karatasi haikumfikia mezani. Akihamishwa, mpelekee mrithi wake amri upya kabla ya kuomba chochote.

Hata ukithibitisha yote, adhabu hupungua makali. Mwaka 2018 Jaji Odunga aliwatoza waziri Fred Matiang'i na maafisa wawili faini ya Sh200,000 kila mmoja. Septemba 2024, kaimu Inspekta Jenerali Gilbert Masengeli alihukumiwa miezi 6 jela kwa kutoitikia wito wa korti, akapewa siku 7 za kujitokeza. Alipofika, kifungo kikaondolewa. Kesi hizo hazikuwa za madeni, lakini zinaonyesha kinachomsukuma afisa: hofu ya kusimama mbele ya jaji. Basi omba mapema aitwe afike mwenyewe. Akileta hoja ya bajeti, dai barua zinazoonyesha tarehe aliyoiomba Hazina pesa hizo.