Kaunta ya samaki ya Westlands: samaki wazuri, lebo hazitoshi

Kaunta ya samaki katika duka moja kubwa la vyakula hapa Westlands, Nairobi, ni safi kuliko nyingi za mji huu: barafu hubadilishwa, macho ya samaki yanang'aa, na muuzaji hukuparia magamba na kutoa matumbo bila kudai cha ziada. Kuhusu ubora sina lawama. Lawama yangu ni juu ya lebo, kwa kuwa kaunta hiyo na rafu iliyo karibu nayo zinauza samaki wa aina tatu au zaidi kwa majina mawili tu, "samoni" na "trauti", na mara nyingi majina hayo hayamwambii mnunuzi ananunua samaki gani wala ametoka wapi.

Wote ni wa familia ya Salmonidae, na wakiwa wazima utaiona moja ya alama za ukoo huo: kipezi kidogo laini kisicho na miiba, kilicho mgongoni karibu na mkia. Ndani ya familia, hata hivyo, mgawanyo wa wataalamu haufuati majina ya sokoni. Samoni wa Atlantiki, Salmo salar, yumo katika jenasi moja (kundi la spishi za karibu, linaloonyeshwa na neno la kwanza la jina la kisayansi) na trauti wa kahawia, Salmo trutta. Samoni wa Pasifiki, ambao kwa asili huzaliana katika mito ya Alaska, Kanada, mashariki mwa Urusi na Japani, wamo katika jenasi nyingine, Oncorhynchus, na humo humo ndimo alimo trauti anayefugwa Kenya, Oncorhynchus mykiss, mwenye mstari wa waridi ubavuni. Huyu zamani aliitwa Salmo gairdneri, hadi mwaka 1989 wataalamu walipomhamishia kwa jamaa zake wa Pasifiki. Kwa hiyo mteja anayempita trauti akidhani ni samoni wa daraja la chini, kisha akachukua mkebe wa samoni mwekundu, ambaye ni wa Pasifiki, amechagua kati ya ndugu wawili wa karibu kuliko alivyodhani.

Trauti ndiye ninayempendekeza kwanza. Huuzwa mzima, wa kutosha sahani moja, madoa yake meusi yametapakaa hadi mkiani, na hutoka katika mabwawa ya miteremko ya Mlima Kenya. Si mwenyeji wa huko. Trauti wa asili barani Afrika wanapatikana katika mito ya milima ya Atlas, Moroko na Algeria, peke yake, nao ni wa jenasi ya Salmo. Kusini mwa Sahara, na kwa kweli kusini mwa Ikweta kote duniani, familia hii haikuwako mpaka binadamu alipoipeleka. Mlowezi Mwingereza Ewart Grogan ndiye anayetajwa kuwaleta trauti wa kahawia kutoka Loch Leven, Uskoti, na kuwatia katika mto Gura, Aberdare, mwaka 1905. Oncorhynchus mykiss, ambaye asili yake ni upande wa Pasifiki, kuanzia Kamchatka hadi kaskazini mwa Meksiko, alifuata miaka michache baadaye. Walistawi kwa sababu maji ya mito ile ni ya baridi na yana oksijeni tele. Ngege asingefua dafu humo. Nyama yake ni laini, haina harufu ya tope, na ikichomwa na ngozi yake kwa chumvi na ndimu haihitaji kingine.

Mkebe wa samoni mwekundu, Oncorhynchus nerka, ndio bidhaa pekee iliyoandikwa kikamilifu: spishi, Alaska, na kwamba samaki alivuliwa, hakufugwa. Maelezo hayo yanaaminika, maana Alaska ilipiga marufuku ufugaji wa samaki wa aina hii mwaka 1990.

Tatizo liko kwenye minofu. Imelazwa juu ya barafu bila ngozi, rangi ya chungwa, imeandikwa "samoni" na bei yake imepaa kuliko zote. Nilipouliza ni samoni gani, muuzaji alijibu kwa upole, "Mama, zote ni samoni tu, tofauti ni bei." Anayeuziwa kwa bei hiyo angestahili jibu bora. Samoni wa Atlantiki kwa asili ni wa pande mbili za Atlantiki ya Kaskazini, lakini karibu wote walioko sokoni ni wa kufugwa, wengi wakitoka Norwei na Chile, na Chile si kwao kabisa. Nchi hizo hizo hufuga pia trauti yule yule, mykiss, baharini hadi akafikia kilo kadhaa, na mnofu wake ukivuliwa ngozi ni vigumu kuutofautisha na wa mwenzake. Rangi nayo haithibitishi lolote, kwa sababu kwa samaki wa kufugwa hutokana na astaksanthini, kiini cha rangi, inayotiwa katika chakula chao. Ngozi ndiyo ingesema kweli: Salmo salar ana madoa machache, na mkia wake kwa kawaida hauna doa.

Kwa sasa ninanunua trauti mzima na mkebe. Anayetaka minofu aiombe ikiwa na ngozi na kipande cha mkia, na aulize jina la nchi lililo kwenye katoni iliyoleta mzigo, ambayo muuzaji huwa nayo nyuma ya kaunta na huionyesha akiombwa.