The Other Side of the Wind: ilifungiwa miongo kadhaa, walioimalizia wamemtendea haki mzee

Kama uliwahi kuianza hii muvi pale Netflix ukaizima dakika ya kumi, naomba rudi, maana mwanzoni inakuvuruga makusudi kabisa ila ukivumilia inakushika mpaka mwisho. Mimi nimeimaliza nikairudia, na ninachotaka kusema zaidi ni kuhusu wale walioimalizia, kwa sababu Orson Welles mwenyewe alifariki Oktoba 1985 na muvi imetoka 2018.

Kwa msiomjua, huyu ndo aliyetengeneza Citizen Kane, ilitoka 1941, aliishuti akiwa na miaka 25 tu, ungedhani mtu wa hivyo ataachiwa afanye anachotaka maisha yake yote. Wapi! Iliyofuata, The Magnificent Ambersons, studio ya RKO iliikata zaidi ya dakika 40 na mwisho wakaubadilisha wakati yeye yuko Brazil anashuti nyingine, ambayo nayo haikuisha. Toka hapo ikawa anaigiza kwenye muvi za watu apate hela za kushuti zake, anashuti kidogo, hela inakata, anasimama, anaanza tena. Hii alianza kuishuti 1970 mpaka 1976, sehemu ya hela ilitoka kwa shemeji wa Shah, mfalme wa Iran, mara mapinduzi ya 1979 yaliyomng'oa huyo Shah haya hapa, ugomvi wa mali ya nani ukawa mkubwa na negativu, yaani filamu zenyewe alizoshuti, zikabaki zimefungiwa Paris. Mzee akafa hajaipata. Inauma jamani.

Sasa kazi yenyewe. Walikuta kama saa 100 za picha, kuna za rangi, kuna nyeusi na nyeupe, filamu za milimita 35, za 16, mpaka Super 8, na Welles alikuwa ameshahariri kama dakika 40 hivi na kuacha maelezo yake. Mhariri Bob Murawski akaendelea kwa mwendo uleule, mkato juu ya mkato, huna nafasi ya kupumua. Angalia ile sehemu ya usiku ndani ya gari, mvua inapiga vioo, taa za rangi zinapita usoni mwa waliomo na hakuna anayeongea, ile Welles aliihariri mwenyewe na ni moto wa kuotea mbali, halafu linganisha na pati ya birthdei ya dairekta mzee, mhusika mkuu wa muvi, anayeigizwa na John Huston, iliyounganishwa baada ya Welles kufa. Mimi mshono sikuuona. Hata sauti, kuna maneno ya Huston yaliyokosekana, wakamwita mwanae Danny ayarekodi upya, na muziki akapewa Michel Legrand ambaye alishafanya kazi na Welles, yaani walitafuta watu wa karibu na mzee, hawakuokota tu.

Kasoro zipo. Huston aliingia wakati baadhi ya sini zimeshashutiwa, kwa hiyo kuna mahali unahisi kabisa hawa wawili wanaojibizana hawakuwa pamoja siku ile, na pati inarefuka kupita kiasi. Ila nakubali hiyo kuliko walichoifanyia Don Quixote, muvi nyingine ya Welles ambayo haikuisha, ile iliyounganishwa na dairekta Jess Franco 1992, pale picha zimebandikwa tu na sauti za watu wengine juu yake, nilisikitika kuiangalia. Hapa angalau mwanzoni kabisa wanakuambia kwa maandishi kwamba aliyeanza hakumaliza na hili ni jaribio la kutimiza alichotaka.

Nawapa nne na nusu kwa tano. Washa maandishi ya chini maana wanaongea kwa kupokezana kasi sana, na ile dokyumentari ya Morgan Neville, They'll Love Me When I'm Dead, iangalie baada ya muvi siyo kabla, inafichua mambo mengi ambayo ni bora uyakute mwenyewe kwanza.